Baba Hufa wa Kwanza

Wendelin alikuwa ameambiwa asiguse kitu. Aliambiwa vizuri, tena na mtoto wake mwenyewe wa darasa la sita, kabla mtoto huyo hajabeba ndoo kwenda bombani. "Baba, wewe iangalie tu. Inashusha sheria za mashindano. Ikimaliza iache hivyohivyo." Wendelin akajibu, "Sawa, mama," kwa kuwa ndivyo anavyomwita binti yake Emiliana moyo wake ukiwa mweupe, akavuta kigoda na kukaa mbele ya ile kompyuta kama mtu aliyeachiwa mtoto mchanga wa watu.

Kompyuta yenyewe ilikuwa ya kukunja, nzito, baadhi ya herufi zimeng'oka. Aliileta Hamphrey, kaka wa mkewe Marselina, kutoka Songea, ofisi fulani ilipofunga na kuuza vitu vyake. Ndani yake mlikuwa na gemu la zamani la kupambana ili uishi: unapewa watu, jembe na ardhi ya porini, halafu unatazama kama watauona mwisho wa mwaka au watakufa. Vijana wa mjini walishaliacha siku nyingi na kuhamia mengine yenye kelele. Lakini gemu hilo lina sehemu ambapo mchezaji huandika programu, na watu wa mle ndani huifuata wenyewe bila kuguswa tena. Ndiyo sababu waandaaji wa mashindano ya watoto kule Mbinga walilichagua. Kila mtoto aandike programu ya kaya ya watu wanne. Jumamosi, kwenye ukumbi wa parokia, kaya zote zitaendeshwa mwaka mzima wa gemu, na watoto watatu watakaobakiwa na akiba kubwa ghalani watakwenda Songea kwenye kambi ya likizo, wafundishwe na wataalamu. Emiliana aliitaka kambi hiyo kuliko alivyowahi kutaka kitu chochote. Alikuwa akiiandika kaya yake tangu Kwaresima, na sasa ilikuwa inamaliza mwaka bila wasiwasi, magunia yamejaa.

Basi kompyuta ikafungua kidirisha. Kiingereza cha Wendelin ni cha darasa la saba, ila kwa hapo kilimtosha. Gemu limepata toleo jipya. Liwekwe sasa au baadaye?

Mtu mwingine angemwita mtoto. Wendelin ni mkulima wa Matiri, na neno baadaye lilishamwumiza. Miaka kadhaa nyuma ujumbe ulikuja kwenye simu kwamba wakulima wahuishe taarifa zao wapate mbolea ya ruzuku, naye akasema baadaye, kwanza nimalize kuchuma kahawa. Alipokuja kukumbuka, muda umepita, jina lake halimo, na mahindi ya msimu ule yalitoka ya njano na mafupi, ukiyatazama unayaonea huruma. Tangu hapo kitu chochote chenye kioo kikimwuliza sasa au baadaye, hafikirii mara mbili. Akabonyeza sasa. Kompyuta ikaanza kunyonya bando la simu yake, na yeye akaegemea ukuta akijisikia mtu aliyeamka mapema.

Emiliana aliporudi na ndoo kichwani, alisimama mlangoni akatazama kioo, kisha akamtazama baba yake.

"Baba, umegusa?"

"Nimeihuisha," akasema Wendelin, na sauti yake ilikuwa na fahari kidogo.

Waliotengeneza lile gemu, baada ya kulitelekeza miaka na miaka, walikuwa wamelikumbuka na kuliletea masika. Zamani mvua ya mle ndani ilikuwa ya kunyunyiza tu, ya kuotesha. Sasa ilikuja mvua yenyewe, inayojua mteremko ni nini. Emiliana aliiendesha kaya yake baba akiwa amesimama nyuma yake. Matuta yaliyolimwa kilimani yakateleza na mahindi yake hadi mtoni, na kabla ya mavuno watu wote wanne walikuwa wamelala chini. Na bando lilikuwa limekwisha kabla zile sheria hazijashuka.

Wendelin alisubiri kilio. Kilio angekiweza, angebembeleza, angeahidi soda. Emiliana alifunga kompyuta taratibu, akasema, "Haina neno, baba," akaenda kuosha vyombo.

*

Asubuhi iliyofuata ilikuwa "Shikamoo, baba", na "Marahaba, mama", basi. Upande mzima wa juu wa shamba la kahawa ulichumwa bila neno jingine. Kwa kawaida Emiliana akichuma huongea mpaka ndege wanahama. Siku hiyo kilichosikika ni buni kudondoka ndooni. Adrian, mdogo wake, ambaye bado hajaanza shule, aliuliza kama dada anaumwa meno.

"Nakwenda Mbinga," Wendelin akamwambia mkewe.

"Na kahawa hii? Isipomenywa leo itachacha."

"Utamenya na watoto. Mimi nakwenda kutafuta mtu wa kulirudisha lile gemu lilivyokuwa."

Marselina alinyanyua mgongo, akamtazama mumewe kuanzia viatu mpaka kofia. Alikuwa amekasirika naye tangu jana, lakini kwa mwanamume anayeacha mashine ya kumenya kahawa mwezi wa Juni kwa ajili ya gemu la mtoto, hasira huwa haikai vizuri. "Nenda," akasema. "Ila usituletee toleo jingine."

Duka alilolijua Wendelin lilikuwa karibu na stendi, la kutoa kopi, kupiga picha za pasipoti na kurekebisha simu. Kijana wa pale, Meshack, alimwamkia vizuri, akamwachia hata kiti chake. Tabu ilianza Wendelin alipoeleza shida. Aliieleza kwa sauti ya chini, lakini mashine ya kopi nayo ikaamua kunyamaza wakati huohuo, na watu waliokuwa wamepanga foleni na vyeti vyao wakasikia kila kitu.

"Kwa hiyo mzee unacheza gemu," Meshack akasema, kwa nia njema kabisa.

"Sichezi mimi. Ni la mtoto."

"Hakuna ubaya mzee wangu, hata mimi nacheza."

Mmoja aliyekuwa kwenye foleni alikuwa Bernadi, mjumbe wa bodi ya chama chao cha ushirika, mtu ambaye Wendelin alitumaini angemsemea kwenye kikao kijacho juu ya vichanja vya kuanikia. Bernadi alicheka mpaka akashika kaunta. "Wendelin! Wenzio tunahangaika na kahawa, wewe umekuja kutibu gemu?" Wengine wakacheka pia. Wendelin naye akacheka kidogo, kicheko kile cha kuwasindikiza watu, huku masikio yakimwaka moto. Angeweza kuondoka. Alibaki amekaa kwenye kile kiti, kofia magotini, mpaka zamu yake ilipofika tena.

"Halirudi nyuma hilo," Meshack akamwambia. "Lakini ngoja, ni mashindano haya ya Jumamosi? Hayo sheria zake ninazo, nimewatolea watu wengi." Akatoa karatasi, akamsomea mstari kwa kidole. "Ukumbini wataendesha toleo jipya. Watoto wote wanakutana na hiyo mvua. Kama binti yako asingeiona sasa, angekutana nayo palepale mbele za watu."

Wendelin aliichukua ile karatasi kwa mikono miwili. Alimshukuru Meshack, akamuaga hata Bernadi kwa heshima zote, na njia nzima ya kurudi alikuwa akiipapasa mfukoni kuhakikisha haijadondoka.

*

Alimkuta Emiliana ameshafungua kompyuta jikoni, pembeni ya moto kwa ajili ya baridi, na Marselina anapepeta maharage kwenye ungo. Mtoto aliisoma karatasi mara mbili. Akasogea kwenye benchi, pakabaki nafasi ya mtu mmoja, na Wendelin akakaa.

"Udongo haushuki tena," Emiliana akasema. "Nimechimba ngolo."

Hilo hakufundishwa na mtu. Mtoto gani wa Kimatengo asiyejua ngolo? Milima yote ya kwao imejaa hayo mashimo: majani yanafyekwa na kupangwa miraba miraba, udongo unachimbwa katikati na kufukia yale majani, mvua ikija inatulia shimoni badala ya kukimbia na shamba la mtu. Emiliana alikuwa ametoa matuta ya gemu na kuwaandikia watu wake wachimbe ngolo, mvua ikanyesha, na mlima ukakaa pale ulipo. Wendelin aliona mashimo yale madogo kwenye kioo, yamejaa maji kila moja, akapata furaha ya kijinga, kana kwamba ni shamba la kweli na ni lake.

Halafu mtu mmoja akaanguka katikati ya shamba.

"Huyu aliyelala ni nani?"

"Wewe, baba. Umekufa."

"Tena?"

"Sasa hivi unakufa wa kwanza kila mara. Mwezi wa pili. Ukishakufa wewe hakuna wa kuchimba, na wengine wanafuata."

Wendelin aliinama kutazama vizuri. Juu ya kile kimtu palikuwa na neno Baba, na kilikuwa kimelala ubavu, jembe pembeni. "Mbona wengine bado wana nguvu?"

"Ngolo zinachosha kuliko matuta. Na chakula kinakuishia."

"Kinaniishiaje, na tunakula pamoja?"

Emiliana alikuwa akifuta kioo kwa kiganja ingawa hakikuwa na vumbi. "Nimeandika unakula wa mwisho. Ikifika zamu yako chungu kinakuwa kimebaki kidogo."

"Kwa nini umeandika hivyo?"

"Ndivyo unavyokula," mtoto akasema.

Wendelin akakohoa kwa kusingizia moshi. Alijua mtoto hakukusudia kumsifu wala kumlaumu. Aliandika alichokiona, kama alivyoandika kwamba maharage hupandwa kwanza na mahindi hufuata.

"Basi kanibadilishe," akasema hatimaye. "Nile."

"Na huyo Mama yuko wapi?" Marselina akauliza kutoka alipokuwa. Alikuwa ameweka ungo chini, anakuja. "Mbona shambani simwoni?"

"Yuko jikoni, mama. Gemu likianza linamweka jikoni."

"Mwaka mzima anapika nini, na hakuna chakula?" Marselina akanyoosha mikono yake mbele ya kioo, viganja juu, kama anaionyesha kompyuta. "Ngolo za nyumba hii anachimba nani? Baba yako kazi yake kufyeka majani na kuyapanga. Akishapanga anakaa pembeni anayasifia."

"Siyasifii," Wendelin akasema.

"Unayasifia. Unazunguka shamba zima unayatazama."

Emiliana akacheka. Alicheka kwa pua, akijaribu kuzuia, akashindwa, na Adrian naye akacheka bila kujua kwa nini. Wendelin hakumbuki kama amewahi kufurahia kusemwa na mkewe namna ile. Kicheko kile alikuwa amekiulizia mpaka mjini, mbele ya foleni nzima.

Wakakaa wote, wakaipanga upya ile kaya. Baba afyeke na kupanga majani, Mama achimbe, watoto wapande maharage. Marselina alidai Mama apewe jembe zuri kuliko la Baba, akapewa. Mistari ya chakula Emiliana aliiandika peke yake Ijumaa, wazazi wakiwa kwenye kahawa. Jioni alipowaonyesha, kaya ilivuka mwezi wa pili, ikavuka masika, ikafika mwisho wa mwaka, watu wote wanne wamesimama. Ghalani hamkuwa na vingi, lakini hamkuwa tupu. Wendelin aliona wale watu wadogo kila siku wakikusanyika mlangoni kabla ya kula, akadhani ni mapambo ya gemu.

*

Ukumbi wa parokia ulijaa. Watoto wa mjini walikuja na mabegi ya kompyuta yenye zipu. Ya Emiliana ilisafiri ndani ya kitenge cha mama yake. Kaya nyingi zilizolima matuta zilimalizwa na mvua, na kila moja ilipoanguka ukumbi ulisema "aaah" kwa pamoja, hata wazazi wa wapinzani. Aliyeshangaza watu alikuwa Lidia, binti mdogo wa Mbamba Bay, ambaye kaya yake haikushika jembe hata siku moja. Aliwaweka watu wake ufukweni wakavua usipa, wale dagaa wa Ziwa Nyasa, wakaanika, wakabadilishana kwa mahindi na majirani wa mlimani, na mvua ilipokuja wao waliingia ndani wakalala. Wamatengo waliokuwa ukumbini walitazamana. Marselina alisema huyo mtoto amekua anakula vizuri, inaonekana.

Ilipofika zamu ya Emiliana, ngolo zilitokea kwenye kioo kikubwa, na mtu mmoja nyuma akaanza kupiga makofi peke yake kabla ya wakati. Kaya ilimaliza mwaka. Msimamizi, Mwalimu Benadetha, mwanamke mpole aliyetoka chuoni Songea, alishuka akaisoma ile programu mstari kwa mstari, kisha akasimama kwenye mstari mmoja.

"Emiliana, hapa umeagiza mtu asile mpaka wote wanne wafike nyumbani."

"Ndiyo, mwalimu."

"Anayemaliza kazi mapema anakaa bure, anasubiri. Kila siku, mwaka mzima. Unaona muda unaopotea?"

"Naona."

"Sasa hivi uko wa nne. Ukiufuta mstari huu mmoja tu, nina hakika utaingia kwenye watatu. Kila mtoto tunampa nafasi ya kurekebisha mara moja kabla hatujafunga hesabu. Nikupe?"

Wendelin alikuwa kwenye benchi la tatu. Futa, akasema moyoni. Futa, mama. Alikaribia kusimama.

Emiliana alikitazama kioo. Kambi ilikuwa pale, umbali wa kubonyeza mara moja, na kila mtu ukumbini aliona jinsi alivyoitaka. Alikuwa amekunja sketi ndani ya ngumi.

"Hapana, mwalimu."

"Kwa nini, mwanangu?"

"Nikiufuta, baba atasema ameshakula kwa jirani."

Watu wakacheka, kicheko cha kumpenda, maana kila mtu alidhani ni utani wa mtoto. Mwalimu Benadetha naye alitabasamu. Marselina hakucheka. Aliangalia mbele, akatafuta mkono wa mumewe bila kugeuka, akaushika.

Wendelin aliangalia sakafu. Mwaka uliofuata yale mahindi ya njano, kuanzia Januari mpaka maharage yalipokomaa, jioni nyingi alirudi nyumbani akasema Mama Gertruda, jirani wa bondeni, amemlazimisha kula, kuleni tu. Kwa Mama Gertruda hakuwahi kula hata tonge. Alikuwa akisimama nyuma ya migomba ya mama huyo, anasubiri upite muda unaomtosha mtu kula na kunawa, halafu anapanda kwenda nyumbani akijipapasa tumbo. Alijua amewadanganya vizuri. Emiliana wakati huo alikuwa darasa la nne.

*

Lidia wa Mbamba Bay alikuwa wa kwanza. Emiliana alikuwa wa nne, na alipiga makofi kwa ajili ya wale watatu mpaka mwisho, vizuri, kama alivyofundishwa. Alilia walipofika nje, nyuma ya ukumbi, uso kwenye kitenge cha mama yake. Wendelin alisimama pembeni na kompyuta mikononi, hajui aiweke wapi.

"Ungefuta tu, mama," akasema. "Ni gemu."

"Najua ni gemu," Emiliana akasema kutoka ndani ya kitenge. Na baada ya kujifuta kamasi, "Ungekufa tena."

Adrian akasema ana njaa.

Walikwenda kwa mama mmoja anayepika nyuma ya stendi, wakakaa kwenye benchi la plastiki. Wendelin aliagiza kama anavyoagiza siku zote wakiwa mjini: ugali na samaki wa ziwani kwa Marselina, kwa Emiliana, kwa Adrian. "Mimi chai inatosha," akamalizia. Neno lilimtoka lenyewe, halikupita hata kichwani.

Sahani zikaja zinafuka moshi. Adrian alinyoosha mkono. Dada yake akaushika, akaushusha mezani, akabaki ameushikilia. Marselina alimtazama binti yake, naye akaweka mikono mapajani. Mama wa pale alipita na birika, akaona chakula hakijaguswa.

"Vipi, mwanangu, samaki ana kasoro?"

"Hapana, mama, ni mzuri," Emiliana akasema. "Tunamsubiri baba."

Wendelin akafungua mdomo. Sentensi ilikuwa tayari, alikuwa akiijua kwa moyo, na ilikuwa imemtumikia miaka. Aliona macho ya mtoto yakiingoja. Akaufunga mdomo, akamgeukia yule mama mwenye birika.

"Dada, naomba sahani moja zaidi," akasema. "Ya kwangu."

Ilichelewa, kwa sababu samaki ilibidi apashwe moto. Ugali wa wengine ulipoa, Adrian akalalamika, akanyamazishwa, akalalamika tena. Hakuna aliyegusa. Sahani ya nne ilipowekwa mezani, Emiliana aliuachia mkono wa mdogo wake, na wote wanne wakamega.